Orodha ya Wajane: Kwa Nini Ruzuku ya Kaya Maskini Inatuhusu Wanakanisa



Katika vijiji vyetu vya Shinyanga na Geita kuna neno ambalo limepata maana mpya katika miaka ya karibuni. Neno hilo ni "mlengwa". Kisarufi ni neno safi kabisa: mtu aliyelengwa na jambo fulani. Lakini ukilisikia kisimani au kwenye kijiwe cha bodaboda, mara nyingi linasemwa kwa kicheko. "Yule si mlengwa, bwana, leo ana hela." Mtu akionekana na kilo mbili za sukari siku ya malipo, maneno hayakosekani. Akinywa soda, kijiji kizima kinajua kwamba fedha za TASAF zinaliwa vibaya.

Katika makala hii nataka kutetea mambo matatu. Kwanza, ruzuku anayopewa mlengwa ni haki yake, wala si huruma ya mtu. Pili, namna tunavyowachagua walengwa ina mapengo, na mapengo hayo ni makubwa zaidi katika ukanda wetu wa dhahabu. Tatu, sisi Wakristo tuna kazi ya kufanya hapo, na kazi hiyo haianzi altareni. Inaanza katika mkutano wa hadhara wa kijiji, mahali ambapo wengi wetu hatuendi.

Mpango wenyewe unavyofanya kazi

Mfuko wa Maendeleo ya Jamii, yaani TASAF, ulianzishwa mwaka 2000. Katika awamu zake za kwanza wengi tuliufahamu kwa madarasa, zahanati na visima. Awamu ya tatu ndiyo iliyoleta Mpango wa Kunusuru Kaya Maskini, uliozinduliwa mwaka 2012 baada ya majaribio katika wilaya za Bagamoyo, Chamwino na Kibaha. Kufikia mwaka 2015 mpango ulikuwa umefikia kaya zaidi ya milioni moja. Mwezi Februari 2020 kikazinduliwa kipindi cha pili, safari hii kwa lengo la kufika katika kila kijiji, mtaa na shehia ya nchi.

Mtu anaingiaje katika mpango? Hajazi fomu ofisini kama anayeomba kazi. Kijiji kinaitisha mkutano. Wananchi wenyewe wanasema umaskini uliokithiri katika kijiji chao unaonekanaje: nani anakosa mlo, nani halali chini ya paa la maana, nani analea wajukuu peke yake. Kisha majina ya kaya yanatajwa na orodha inaandikwa. Baada ya hapo kaya zilizoorodheshwa zinajaziwa dodoso: watu wangapi, mkuu wa kaya amesoma hadi wapi, paa ni la nini, sakafu ni ya nini, choo kikoje, kuna mali gani ndani. Majibu yanaingizwa kwenye kompyuta, nayo inakokotoa nani yuko chini ya mstari. Mwishowe orodha inarudi mkutanoni ili wananchi waithibitishe.

Aliyepita hulipwa kila baada ya miezi miwili. Sehemu ya ruzuku ni ya msingi, na sehemu nyingine ina masharti: watoto wadogo wapelekwe kliniki, na wanafunzi wahudhurie shule angalau asilimia 80 ya siku za masomo. Kuna pia ajira za muda, ambapo walengwa wenye nguvu huchimba malambo, hutengeneza barabara za kijiji au hupanda miti, hasa katika miezi ambayo chakula ni haba. Mpango ulipoanza, ruzuku ya msingi ilikuwa shilingi 10,000 kwa mwezi kwa kaya nzima, na ujira wa ajira za muda ulikuwa shilingi 2,300 kwa siku.

Mtu anaweza kuuliza, mbona hiyo ni fedha na si chakula? Ni kweli, serikali ina njia nyingine inayohusu chakula chenyewe. Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula, wenye kanda yake mjini Shinyanga, hutunza nafaka kwa ajili ya miaka mibaya. Lakini mwangalie mama anayetoka kupokea ruzuku mwezi Januari au Februari, michembe imekwisha ndani na mahindi shambani bado mabichi. Mahali pa kwanza anaposimama ni kwa muuza mahindi. Kwa kaya ya namna hiyo ruzuku ni debe la unga. Kwa hiyo tunapobishana kuhusu jina la nani liwemo na la nani lisiwemo, tunabishana kuhusu nani atakula.

Hoja ya uvivu

Wengi wanaoipinga ruzuku wanasema inawazoesha watu uvivu. Na mara nyingi anayesema hivyo humtaja Mtume Paulo na maneno yake kwa Wathesalonike kuhusu kazi na kula. Nimesikia aya hiyo ikitumika vijiweni, kwenye mikutano, hata kwenye uwanja wa kanisa baada ya Misa.

Tuisome vizuri. Katika waraka ule Paulo anasema juu ya mtu asiyetaka kufanya kazi. Hasemi juu ya mtu asiyeweza, wala juu ya mtu anayefanya kazi kutwa nzima na bado hashibi. Tofauti ya "kutotaka" na "kutoweza" ni kubwa, na anayeiruka anamsemesha Mtume kitu ambacho hakukisema. Ajabu nyingine ni hii: katika Waraka wa Kwanza kwa Timotheo, sura ya 5, tunakuta Kanisa la mwanzo likiwa na orodha ya wajane wanaosaidiwa na jumuiya. Orodha ile ilikuwa na vigezo. Mjane awe na umri usiopungua miaka 60. Awe na sifa njema. Mwenye watoto au ndugu wa kumtunza atunzwe na hao kwanza, ili jumuiya isielemewe na iweze kuwasaidia walio wajane kweli. Kwa maneno mengine, Kanisa lilikuwa na orodha ya walengwa tangu karne ya kwanza, na kazi ya kuamua nani aingie ilikuwa ngumu wakati ule kama ilivyo sasa.

Turudi kwenye uvivu. Tathmini ya yale majaribio ya Bagamoyo, Chamwino na Kibaha ilionyesha kwamba kaya zilizopata ruzuku zilinunua kuku na mbuzi, zilijiunga zaidi na bima ya afya ya jamii na ziliwanunulia watoto viatu. Hayo si matendo ya mtu aliyekata tamaa ya kazi. Na hata tukiweka tathmini pembeni, tufanye hesabu ya kawaida. Nani ataacha kulima pamba, kuchunga au kuponda mawe kwa ajili ya shilingi 10,000 kwa mwezi zinazogawanywa kwa watu sita?

Mwalimu Nyerere alipenda ule msemo wa mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Tunaukumbuka upande wa kudai kazi na kusahau kwamba msemo unasema "mpe". Kabla ya kumdai mtu alime, kuna mwenyeji aliyemlisha siku mbili, kisha akatoa jembe mkononi mwake. Mama aliyenunua kuku watatu kwa ruzuku amepata jembe lake.

Haki, magwangala na masazo ya shamba

Katika somo la maadili tunajifunza kutoka kwa Aristotle kwamba kuna haki ya mgawanyo, yaani haki inayotazama namna mali ya wote inavyowafikia wanajumuiya. Mtakatifu Thomaso wa Akwino alikwenda mbali zaidi. Alifundisha kwamba, kwa sheria ya maumbile, vitu ambavyo mtu anavyo kwa wingi kupita mahitaji yake vinadaiwa na maskini kwa ajili ya riziki yao. Akasema pia kwamba aliye katika shida kubwa na ya dhahiri, akichukua cha kumwokoa, hahesabiwi mwizi. Hayo si maneno ya mwanasiasa anayetafuta kura. Ni ya mwalimu wa Kanisa wa karne ya 13.

Kabla yake, Torati ilikuwa imeweka jambo hilo katika sheria za shamba. Mwenye shamba akisahau mganda wakati wa mavuno, asirudi kuuchukua. Ni wa mgeni, yatima na mjane. Pembe za shamba asizivune zote. Angalia kwamba Torati haimwombi mwenye shamba awe na moyo mwema. Inamkataza kurudi. Ruthu Mmoabu, mgeni na mjane, aliokota masuke katika shamba la Boazi kwa sababu sheria hiyo ilikuwapo.

Watu wa Geita wanajua jambo hili bila kufundishwa, maana tuna jina letu la masazo ya shamba. Tunayaita magwangala. Ni yale mawe yanayotupwa na mgodi mkubwa baada ya kuchukua yenye dhahabu nyingi, na wananchi, wanawake wengi wakiwamo, wakayapekua kutafuta chembe iliyobaki. Miaka nenda rudi magwangala yamekuwa hoja moto ya kisiasa Geita. Kwa nini watu wagombanie mabaki ya mwamba? Kwa sababu ndani ya mioyo yao wanaamini kwamba dhahabu iliyo chini ya ardhi ya nchi yao haiwezi kuondoka yote bila wao kuokota chochote. Huo ni mwamko wa haki, hata kama anayesema hajawahi kufungua kitabu cha Thomaso.

Ukanda wetu umetoa utajiri mkubwa. Almasi za Mwadui ziligunduliwa mwaka 1940. Mgodi wa Geita ulianza uzalishaji mwaka 2000, Bulyanhulu mwaka 2001, Buzwagi mwaka 2009. Sheria inaitaka migodi ilipe halmashauri ushuru wa huduma kutokana na mapato yake, na mabadiliko ya sheria ya mwaka 2017 yanaidai mipango ya uwajibikaji kwa jamii iliyokubaliwa na halmashauri. Ni hatua njema. Lakini darasa na zahanati, vyote vya lazima, havimfikii moja kwa moja bibi ambaye jioni hana cha kutia chunguni.

Wapo wanaosema fedha za ruzuku ni za Benki ya Dunia na wafadhili, hivyo mpokeaji ashukuru na kunyamaza. Sehemu kubwa ya fedha hizo ni mkopo, na mkopo wa taifa hulipwa na kodi za wote. Bibi huyo analipa kodi kila anaponunua kipande cha sabuni. Yumo miongoni mwa wanaodaiwa, kwa hiyo hali cha mtu mwingine.

Mahali orodha inapokosea

Kusema kwamba ruzuku ni haki hakutoshi. Haki isiyomfikia mwenyewe inabaki maneno. Nionavyo mimi, ukanda wetu una mapengo manne.

La kwanza ni bati. Uchumi wa dhahabu hupanda na kushuka kwa kasi ambayo mkulima wa mtama haijui. Kijana anapata mawe mazuri kwenye duara, ndani ya miezi michache anajenga nyumba ya tofali na bati, ananunua pikipiki. Mwaka unaofuata mwamba umekata. Pikipiki imeuzwa, mwenye nyumba amefuata rashi nyingine mkoa wa mbali, simu yake haipatikani, na mkewe amebaki na watoto wanne chini ya bati lile lile. Mwezeshaji anakuja na dodoso. Paa: bati. Sakafu: saruji. Kompyuta haimwoni mwanamke huyo kwa sababu inasoma nyumba, na nyumba inasimulia habari za mwaka uliopita. Lakini bati haliliwi.

La pili ni mchimbaji asiye na kijiji. Orodha inajengwa juu ya kijiji na kaya yenye makazi. Maisha ya machimbo madogo hayako hivyo. Kwenye rashi kuna mama lishe, wanawake wanaoponda mawe, wasichana wenye watoto migongoni, wote wakihama dhahabu inapohama. Siku ya mkutano wa kijiji walikozaliwa, hawakuwapo. Siku ya mkutano wa kijiji walipo, wanaitwa "watu wa kuja". Wako katika vijiji viwili na hawamo katika orodha hata moja.

La tatu linauma zaidi, nalo ni bibi asiyependwa. Wote tunajua kwamba Shinyanga na Geita zina jeraha la muda mrefu la mauaji ya vikongwe kwa tuhuma za uchawi. Moshi wa kuni na wa samadi kavu unawafanya macho mekundu, na macho mekundu yanageuka ushahidi. Sasa fikirini: mpango unaikabidhi jamii kazi ya kwanza ya kutaja nani ni maskini. Kwa kawaida huo ni uamuzi mzuri, maana jirani anajua mengi kuliko kompyuta. Lakini jirani huyo huyo ndiye anayemwogopa bibi wa nyumba ya mwisho. Nikiwa parokiani wakati wa likizo nilihudhuria mkutano mmoja wa kijiji. Jina la bibi mmoja lilitajwa na mtoto wa shule aliyesimama nyuma. Mwenyekiti akauliza nani anaunga mkono. Kukawa kimya, mtu mmoja akakohoa, jina lililofuata likasomwa. Hakuna aliyesema neno baya juu yake. Kimya kile kilitosha kumtoa.

La nne ni vidole na simu. Malipo mengi sasa yanapitia simu au benki, na faida yake ni kubwa: fedha hazipiti mikono mingi njiani. Lakini laini ya simu inasajiliwa kwa alama za vidole na kitambulisho cha taifa. Vidole vya mtu aliyeshika jembe kwa miaka 50 mara nyingine mashine haivisomi. Ndipo laini inasajiliwa kwa jina la mjukuu, na mjukuu naye ana mambo yake mjini.

Tunapiga kelele juu ya kosa lipi?

Kila orodha inaweza kukosea kwa njia mbili: kumwingiza asiyestahili, au kumwacha anayestahili. Kosa la kwanza tunalijua kwa jina lake la mtaani, "kaya hewa". Uhakiki wa serikali uliwahi kugundua makumi ya maelfu ya kaya za namna hiyo, na Rais Magufuli alilikemea jambo hilo hadharani katika uzinduzi wa mwaka 2020. Alikuwa sahihi. Anayeandika jina la marehemu ili ale ruzuku yake anaiba kwa maskini.

Lakini kosa la pili halina jina la mtaani. Hatuna neno la kumwita aliyeachwa. Hakuna gazeti linaloandika kwamba mwanamke fulani hakutajwa. Kosa la kwanza linaacha nyaraka, sahihi na fedha zilizopotea. La pili linamwacha mtoto aliyelala bila kula, na njaa ya mtoto haina stakabadhi. Kwa hiyo tunaweza kuwa wakali sana juu ya kosa moja na kuwa vipofu kabisa juu ya jingine, huku tukijiona watu wa haki.

Makosa haya mawili hayalingani kwa uzito. Shilingi iliyopotea kwa asiyestahili inaweza kudaiwa na kurudishwa. Miaka ya kwanza ya mtoto aliyekosa lishe hairudishwi. Ndiyo maana nasema: tukilazimika kuchagua, tuwe tayari kuvumilia jina moja la mashaka ndani ya orodha kuliko kumwacha nje mwenye njaa ya kweli.

Funzo kutoka Zanzibar

Kuna njia ya kupunguza ubishi huu, nayo ipo ndani ya Jamhuri yetu. Mwezi Aprili 2016 Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar ilianza kulipa pencheni kwa kila mkazi mwenye umri wa miaka 70 na zaidi. Ilianza na shilingi 20,000 kwa mwezi, kutoka katika bajeti yake yenyewe. Hakuna anayeuliza paa ni la nini. Hakuna mkutano wa kupiga kura nani ni maskini. Swali ni moja tu: una miaka mingapi?

Linganisha na ile orodha ya Timotheo, ambayo nayo ilitaja umri. Umri hauna chuki. Hauogopi macho mekundu. Kama Tanzania Bara ingeweka pencheni ya namna hiyo kwa wazee, bibi wa nyumba ya mwisho asingehitaji mkono wa jirani anayemchukia. Na kwa kuwa wazee wengi wa kwetu wanalea wajukuu ambao wazazi wao wamekwenda machimboni au wamefariki, fedha hiyo ingewafikia watoto pia.

Nitaambiwa kwamba mzee tajiri naye atapokea. Ni kweli, wachache watapokea. Lakini mzee tajiri tunaweza kumfikia kwa kodi. Mzee maskini aliyeachwa na mkutano hatuna njia ya kumfikia. Nitaambiwa pia kwamba wazee wetu wengi hawana vyeti vya kuzaliwa. Hapo Kanisa lina kitu mkononi ambacho halijakithamini vya kutosha: daftari la ubatizo. Parokia kongwe za kanda hii zina madaftari ya miongo mingi, na cheti cha ubatizo ni miongoni mwa viambatanisho vinavyoweza kutumika mtu anapoomba cheti cha kuzaliwa RITA. Katibu wa parokia anayemtafutia bibi jina lake katika daftari, bila kumzungusha na bila kumdai kwanza michango ya nyuma, anafanya tendo la haki.

Kazi ya jumuiya zetu

Katika Matendo ya Mitume, sura ya 6, kuna mgogoro wa chakula. Wajane wa Wayahudi waliosema Kiyunani walikuwa wanasahauliwa katika huduma ya kila siku. Mitume hawakuwaambia wavumilie. Hawakuwaita wavivu. Waliitisha mkutano wa wanafunzi wote, wakaomba wachaguliwe watu saba wenye sifa njema. Yasome majina ya hao saba, kuanzia Stefano na Filipo hadi Nikolao: yote ni ya Kiyunani. Yaani jumuiya iliikabidhi kazi ya ugawaji kwa watu walioijua lugha na shida ya wale waliokuwa wanasahauliwa.

Maaskofu wa AMECEA walizifanya Jumuiya Ndogo Ndogo za Kikristo kuwa kipaumbele cha kichungaji tangu miaka ya 1970. Hakuna chombo kingine cha Kanisa kinachojua vizuri nani katika nyumba kumi hizi amelala bila kula. Kwa hiyo napendekeza mambo manne, yote ya kufanyika bila kusubiri waraka kutoka jimboni.

Kwanza, uandikishaji au uhakiki unapotangazwa, tangazo lisomwe Jumapili na jumuiya zihudhurie mkutano wa kijiji. Kabla ya siku hiyo wanajumuiya wajiulize: nani katika eneo letu hatatajwa na mtu? Kisha mmoja wao asimame na kumtaja. Asimame hata kwa asiye Mkatoliki, hata kwa Mwislamu na mfuasi wa dini ya jadi. Atakayesimama kwa ajili ya Wakatoliki peke yao amerudia kosa lile lile la Yerusalemu.

Pili, aliyeachwa asindikizwe. Malalamiko yana njia zake: Kamati ya Usimamizi ya Jamii kijijini, mtendaji wa kijiji, mratibu wa TASAF wa halmashauri. Bibi asiyejua kusoma hawezi kuifuata njia hiyo peke yake. Kijana wa VIWAWA mwenye simu na nusu siku anaweza.

Tatu, tusiigeuze siku ya malipo kuwa siku ya mavuno yetu. Nalisema hili kwa heshima kwa wazee wangu katika uongozi wa parokia na vijiji. Mchango wa ujenzi, iwe ni wa zahanati, shule au kanisa, ukidaiwa kwa mlengwa pale anapotoka kupokea, ni vigumu kuuita wa hiari. Zaka ni tendo la uhuru. Tumwache kwanza afike kwa muuza mahindi.

Nne, tuache kicheko. Mtu anayeogopa kuchekwa hatafika mkutanoni, na asiyefika hatatajwa. Nawafahamu wanaume waliokataa majina yao yaandikwe kwa sababu ya aibu, na walioumia ni watoto wao.

Sisemi Kanisa liwe ofisi ya TASAF. Kanuni ya auni, iliyofafanuliwa na Papa Pio XI katika Quadragesimo Anno mwaka 1931, inatufundisha kwamba chombo kikubwa kisinyang'anye kazi ambayo kidogo kinaiweza; na pia kwamba kikubwa kina wajibu wa kukisaidia kidogo kinapoelemewa. Serikali ibaki na kazi yake ya kutoa fedha, kukokotoa na kukagua. Lakini kumjua mtu kwa jina, na kulitamka jina hilo wakati wengine wamenyamaza, ni kazi ambayo kompyuta ya Dodoma haiwezi kuifanya. Hiyo ni ya majirani.

Papa Fransisko alituwekea Siku ya Maskini Duniani, ambayo huadhimishwa tangu mwaka 2017 katika Jumapili ya 33 ya mwaka. Parokia nyingi huandaa chakula siku hiyo, na ni vema. Napendekeza kwamba mwaka huu, kabla ya kugawa pilau, kila jumuiya ije na karatasi yenye majina ya watu wa eneo lake wanaostahili kuwamo katika mpango na hawamo. Karatasi hizo zikusanywe, na Jumatatu yake wajumbe wawili wazipeleke kwa mtendaji wa kijiji. Pilau itakwisha siku hiyo hiyo. Jina likiingia katika orodha, nyumba moja itakuwa na uji hata mwezi wa Februari.